Mtu wa Kushoto

"Usiutazame mpira," Mzee aliniambia. "Mtazame namba 73."

Nilikuwa nimeingia chumbani kwake kumgeuza. Ilikuwa Jumapili ya vuli, 2014, wiki yangu ya tatu kazini katika nyumba ya kutunzia wazee hapa kaskazini mwa Ohio. Runinga yake ilikuwa ikionyesha mpira wa Kimarekani, Cleveland Browns uwanjani, na mimi niliyekulia Tanga nikibishana na kaka zangu kuhusu Coastal Union na African Sports sikuona pale ila watu wazito wanaoangukiana. Mpira wenyewe una umbo la yai. Unazama mikononi mwa watu, filimbi inalia, wanasimama, wanajipanga tena. Niliutafuta kwa macho sikuupata.

Mzee alikuwa amepooza upande wa kulia baada ya kiharusi. Aliinua mkono wake wa kushoto, ule uliobaki na nguvu, akaelekeza kidole pembeni kabisa mwa safu ya wachezaji. Pale palikuwa na jitu la mita karibu mbili, kilo 140 na ushei, limeinama kama mtu anayetaka kukaa kwenye mbuzi ya kukunia nazi: magoti yamekunjwa, mgongo umenyooka, mikono mbele. Mpira ukaanzishwa. Yule jamaa hakwenda mbele kama wenzake wa upande wa pili. Alirudi nyuma, kwa mguu wa kushoto kwanza, upandeupande, haraka na bila kelele, kama kaa anavyolikimbilia shimo lake ufukweni Raskazone. Adui aliyekuwa akimjia mbio alikutana na viganja viwili kifuani, akasimama. Nyuma yao mtu mwingine akatupa mpira, uwanja mzima ukageuza macho kuufuata.

"Umeona?" Mzee akauliza.

Nikamwambia sikuona kitu.

"Basi ndiyo hiyo," akasema. "Hakuna kilichotokea."

Mtu yule alikuwa Joe Thomas. Nimeishi na jina lake kwa zaidi ya miaka kumi sasa, na nataka kueleza kwa nini, kwa sababu ndugu zangu wa nyumbani wakinisikia naongelea mpira huu huniuliza kama nimeshakuwa Mmarekani.

Timu inayoshambulia ina watu 11 uwanjani. Watano kati yao ni wazuiaji: mmoja wa katikati, wawili kushoto na kulia kwake, na wawili wa pembeni. Hao kwa kawaida hawaruhusiwi kudaka pasi. Yule wa katikati huuanzisha mpira kwa kuupitisha kati ya miguu yake kwenda kwa kotabeki, ambaye ndiye nahodha wa shambulizi na mtupaji wa pasi. Wale wanne wengine wanaweza kucheza msimu mzima wasiuguse. Kazi yao ni kumpa kotabeki nafasi ya kutupa, au kumfungulia mkimbiaji njia. Wakifanya vizuri, anayetajwa ni kotabeki au mkimbiaji. Wakikosea, mwamuzi hutangaza namba ya jezi yao kwa kipaza sauti mbele ya watu elfu sitini na kitu: amemshika mpinzani, timu inarudi nyuma yadi 10, amejitikisa kabla ya wakati, yadi 5.

Wa pembeni kushoto ana mzigo wa peke yake. Kotabeki anayetumia mkono wa kulia akirudi nyuma kutupa, mwili wake hugeukia kulia, na kisogo chake hubaki upande wa kushoto. Anayekuja kutoka huko hamwoni. Ndiyo maana timu pinzani huwaweka huko wavamizi wao wakali, watu wa kilo 120 wenye mbio za mtoto wa shule, na ndiyo maana mzuiaji wa kushoto hulipwa fedha nyingi. Usiku wa tarehe 18 Novemba 1985, kotabeki wa Washington, Joe Theismann, alikamatwa na Lawrence Taylor wa New York Giants, mguu wake ukavunjika mbele ya runinga za nchi nzima. Hakucheza tena. Mzee aliutazama mchezo ule moja kwa moja, na miaka thelathini baadaye bado hakupenda kuusimulia.

Jambo moja alilipenda kulisimulia ni mikono. Alipokuwa kijana akicheza shuleni, kabla hajaingia kiwanda cha chuma, mzuiaji alitakiwa kuikunja mikono kifuani, viwiko nje kama mabawa ya kuku, asukume kwa mwili. Mwaka 1978 ligi kuu, NFL, iliruhusu kunyoosha mikono na kusukuma kwa viganja vilivyo wazi, na kazi ikabadilika kabisa. Ikawa kazi ya kupima wakati: ukimpiga adui kiganja mapema mno anakukwepa unabaki umening'inia hewani, ukichelewa amekwisha kuingia kifuani mwako. Mzee alinionyesha kwa mkono wake mmoja. Alinisogelea kwa kiti chake cha magurudumu, akasema nimjie. Nikasogea. Kiganja chake kikanigota chini kidogo ya mtulinga, kidole gumba juu, kiwiko kikiwa kimebana ubavuni, na mimi niliyekuwa na nguvu zangu zote nikarudi hatua moja. Alikuwa na umri wa miaka 79.

Joe Thomas alizaliwa Brookfield, Wisconsin, Desemba 1984. Shuleni na chuoni alikuwa pia mrusha tufe na kisahani, na ukijua hilo unaelewa ile miguu: mrusha tufe hujifunza kuhamisha uzito mkubwa katika duara dogo bila kupoteza mizani. Akiwa Chuo Kikuu cha Wisconsin, Januari 2006, timu yake ilipungukiwa na walinzi katika mchezo dhidi ya Auburn, akawekwa upande ambao si wake kusaidia, na kano ya goti ikakatika. Wengi wangetegemea aporomoke. Alirudi uwanjani msimu uliofuata, akashinda tuzo ya Outland, ya mchezaji bora wa safu ya mbele katika vyuo.

Siku ya mchujo wa mwaka 2007, yaani siku timu za ligi zinapochagua wachezaji wapya kutoka vyuoni, vijana waliotarajiwa kuchaguliwa mapema walialikwa New York, wakavaa suti, wakaitwa jukwaani kupigwa picha na kofia ya timu mpya. Thomas alialikwa, akakataa. Alikwenda kuvua samaki na baba yake katika Ziwa Michigan, na habari kwamba Cleveland wamemchukua wa tatu katika nchi nzima zilimkuta humo botini. Mzee aliipenda sana hadithi hii. Alikuwa akiirudia kila msimu wa kiangazi kana kwamba sijaisikia, nami nilimwacha airudie.

Kisha ndiyo ikaanza ile hesabu.

Kuanzia mchezo wake wa kwanza, Septemba 2007, Thomas hakutoka uwanjani. Kila timu yake iliposhambulia, alikuwepo. Mvua, theluji, wanaongoza, wamefungwa pointi thelathini na mchezo umekwisha kimsingi na makocha wengine wanawapumzisha nyota wao: yeye yupo. Michezo 167 mfululizo. Mizunguko ya kuanzisha mpira 10,363, na kwa kadiri ligi ilivyowahi kuhesabu, hakuna aliyefikisha idadi hiyo bila kukosa hata mmoja. Niliwahi kukaa na karatasi wakati wa mapumziko nikagawanya: ni wastani wa mizunguko 62 kwa mchezo. Tukikadiria kila mzunguko sekunde tano, kazi yake yote ya miaka 11 inakuwa saa 14 na dakika chache za kugongana. Zamu yangu ni ya saa 12. Nilimweleza Mzee, akacheka mpaka nikamshika bega asiteleze kitini, halafu akanyamaza, akasema, "Lakini hebu zifikirie hizo saa 14."

Nimezifikiria. Kila sekunde tano ni mtu mwingine mzima, mwenye nguvu, anayelipwa kukupita. Anakujaribu kwa nje, kwa ndani, kwa mabega, anakuzungusha, na akikupita mara moja tu katika 62, hiyo moja ndiyo itakayorudiwa kwenye runinga mara nane. Waliochambua picha za michezo yake wanasema aliwahi kuzuia pasi mara elfu sita na zaidi, na makotabeki wake wakaangushwa kwa makosa yake mara 30 hivi. Misimu kumi ya kwanza, yote kumi, alichaguliwa Pro Bowl, mchezo wa nyota wa ligi.

Na timu yake ilikuwa inafungwa. Hapa ndipo hadithi inaponiuma. Msimu wake wa kwanza Browns walishinda michezo 10 wakapoteza 6, wakakosa kuingia mtoano kwa kigezo cha kulinganisha timu zilizofungana. Mzee alidhani ndiyo mwanzo wa neema. Haikuwa. Baada ya hapo hawakuwahi kushinda zaidi ya michezo 7 katika msimu mmoja muda wote Thomas alipokuwepo. Mwaka 2016 walishinda mmoja. Mwaka 2017 hawakushinda hata mmoja, 0 kwa 16. Nilijumlisha misimu yake yote 11: kushinda 48, kupoteza 128. Makocha wakuu sita walikuja na kuondoka. Makotabeki walioanza michezo nyuma ya mgongo wake ni 20. Derek Anderson, Brady Quinn, Colt McCoy, Brandon Weeden, Brian Hoyer, Johnny Manziel, Cody Kessler, DeShone Kizer na wengine. Mzee aliweza kuwataja wote kwa mpangilio, kwa sauti ya mtu anayesoma majina ya marehemu kanisani. Watu 20 wenye sauti tofauti, mwendo tofauti, mazoea tofauti ya kurudi nyuma, wengine wakishika mpira muda mrefu kupita kiasi mpaka mzuiaji alaumiwe kwa kosa ambalo si lake. Thomas hakujitetea hadharani.

Angeweza kuondoka. Mwaka 2015, siku ya mwisho ya kubadilishana wachezaji, iliripotiwa kwamba Denver Broncos wanamtaka na mazungumzo yamefika mbali. Yalivunjika. Miezi michache baadaye Denver wakabeba Super Bowl, fainali ya ligi. Nilimuuliza Mzee kama haoni uchungu kwa niaba yake. Alijibu kwamba mwanamume yule alikuwa amesema anataka kuwepo Cleveland siku mambo yatakapogeuka, na mtu akisema hivyo mwamini. Mimi sikukubaliana naye, na bado sikubaliani. Mtu aliyetoa kiasi kile alistahili hata mchezo mmoja wa mtoano. Hakuupata.

Nikiwa kazini, mkononi nina karatasi ya kuandika saa. Mgonjwa asiyeweza kujigeuza hugeuzwa kila baada ya saa mbili, usiku na mchana, ili asipate vidonda vya kulalia. Unamwinua, unaweka mto, unaangalia kisigino, nyonga, mfupa wa mkia, unapaka mafuta, unaandika saa, unatia saini. Ukifanya hivyo kwa miaka minne, ngozi ya mtu inabaki ngozi. Wakaguzi wakija wanaulizia vidonda. Hawana pa kuandika kwamba hapakuwa na kidonda. Sehemu niliyofanya kazi kabla ya hapo nilimkuta mama mmoja ana kidonda cha kuingia ngumi, kwa sababu saini zilikuwepo lakini watu hawakuwepo. Harufu ile sijaisahau. Kwa hiyo Mzee aliponiambia siku ya kwanza kwamba hakuna kilichotokea, kwa lugha ya mpira, nadhani nilielewa kabla ya kuelewa.

Tarehe 22 Oktoba 2017, Browns walikuwa nyumbani wakicheza na Tennessee. Nilikuwa nimemaliza kumlisha Mzee, nimesimama na sahani mkononi. Robo ya tatu. Mkimbiaji akaelekezwa upande wa kushoto, Thomas akanyoosha mkono wake wa kushoto kumzuia mtu aliyekuwa akimponyoka, kisha akaanguka akiwa ameukumbatia mkono huo kwa mkono wa kulia. Mchezo wa kawaida kabisa. Wala hakugongwa vibaya. Msuli wa nyuma ya mkono ulikuwa umechanika. Alikaa chini kidogo, akainuka, akatembea mwenyewe kwenda pembeni, na uwanja mzima ukasimama kumpigia makofi. Mzee hakusema neno. Mpira ukaanzishwa tena, na kwa mara ya kwanza katika miaka 11 pale kushoto palikuwa na mtu mwingine. Mzee akaniomba nizime runinga. Timu yake ilifungwa 12 kwa 9 katika muda wa nyongeza, lakini hilo tulilisoma kesho yake.

Machi 2018 Thomas akatangaza kustaafu. Magoti yalikuwa yamekwisha kuchakaa, na mwaka uliotangulia, akiwa na umri wa miaka 32 tu, alikuwa amezungumza waziwazi kwamba ameanza kusahausahau mambo. Kisha akaanza kupungua. Watu wengi hudhani wazuiaji ni wanene kwa sababu wanapenda kula. Yeye alieleza kwamba kula kulikuwa sehemu ngumu ya kazi: milo mizito mchana kutwa, kisha piza na biskuti na aiskrimu usiku kabla ya kulala, ashibe asishibe, ili kilo zisishuke. Alipoacha kujilazimisha, akaogelea na kuendesha baiskeli, zaidi ya kilo 20 zikatoka katika muda mfupi. Ukiona picha zake sasa unaona mrefu mwembamba ambaye huwezi kumdhania kitu.

Hilo la kusahau ninalibeba kifuani. Mwanangu ana miaka 15, amerefuka kupita milango yetu, na kocha wa shule anamtaka kwenye safu ya wazuiaji. Fomu ya ruhusa ya mzazi imebandikwa kwenye friji na sumaku. Nimemwonyesha picha za namba 73. Nimemsimulia pia habari za Mike Webster, mzuiaji wa katikati wa Pittsburgh Steelers, aliyebeba Super Bowl nne, akacheza misimu 17, akaishia kulala ndani ya gari lake, akili imemtoka, na kufariki mwaka 2002 akiwa na miaka 50. Aliyeufungua uchunguzi wa ubongo wake alikuwa daktari kutoka Nigeria, Bennet Omalu, na alichokikuta humo, akakichapisha mwaka 2005, ndicho kilichoilazimisha Marekani kuzungumza juu ya vichwa vya wachezaji wake. Webster hakuangushwa na pigo moja. Yalikuwa yale madogo, ya kila mzunguko, mamia kila msimu, yale ambayo mtazamaji hayaoni kwa sababu anautazama mpira. Bandu bandu huisha gogo. Mwanangu alisikiliza mpaka mwisho, akasema, "Lakini mama, wewe ndiye uliyenifundisha kuwatazama hao." Fomu bado ipo pale kwenye friji.

Agosti 2023 Thomas aliingizwa katika Jumba la Mashujaa la mpira huu, lililoko Canton, mwendo wa saa moja hivi kwa gari kutoka Cleveland. Alichaguliwa mara ya kwanza tu jina lake lilipostahili kupigiwa kura. Tulikwenda kuiona sanamu yake ya shaba mimi na mwanangu, tukakaa mbele yake muda mrefu kuliko watu wengine waliokuwa foleni.

Lakini mimi nikimkumbuka Joe Thomas sikumbuki Canton. Nakumbuka Alhamisi moja, tarehe 20 Septemba 2018. Nilikuwa nimehamia zamu ya usiku. Browns walikuwa nyumbani dhidi ya New York Jets, na ilikuwa imetangazwa kwamba wakati wa mapumziko klabu itaizindua namba ya Thomas uwanjani. Hawakuandika 73. Waliandika 10,363. Mzee wakati ule alikuwa amedhoofika sana, analala saa nyingi, na alinisihi nimwamshe mapumziko tu. Nikamwamsha. Nikamwinua na mito miwili, nikamvalisha miwani. Aliiangalia ile namba, na yule jamaa mwembamba aliyesimama chini yake akipunga mkono, na machozi yakamtoka upande wa kushoto wa uso, upande wenye hisia. Nikamfuta. Kabla kipindi cha pili hakijaanza alikuwa amelala tena.

Cleveland walikuwa nyuma 14 kwa 3 walipokwenda mapumziko. Kotabeki wao alikuwa ameumia, wakamwingiza kijana mpya, Baker Mayfield. Niliendelea na mizunguko yangu ya vyumba, na kila nikipita mlangoni kwa Mzee nilichungulia runinga niliyoiacha bila sauti. Saa tano na nusu usiku ilikuwa imekwisha: 21 kwa 17. Walikuwa hawajashinda kwa siku 635. Nje, magari yalikuwa yakipiga honi barabarani, na muuguzi mwenzangu wa ghorofa ya juu alishuka ngazi mbio kuniuliza kama nimeona.

Sikumwamsha. Saa nane ilikuwa zamu yake ya kugeuzwa. Niliwasha taa ndogo, nikaingiza mkono chini ya bega lake, akafungua macho.

"Wameshinda, Mzee," nikamwambia.

Alinyamaza kwa muda, nikadhani hakunisikia.

"Nani alisimama kushoto?"

Nikamwambia ni kijana anayeitwa Desmond Harrison, ambaye siku ya mchujo hakuna timu hata moja iliyomchagua. Mzee alifumba macho, akanyanyua ule mkono wake mzima ili nipate kuuweka mto vizuri. Nikaangalia kisigino, nikaangalia nyonga. Nikaandika saa.